Ives au Copland, Price au Still: uanze na mtunzi gani wa Marekani?

Alhamisi moja baada ya mazoezi, kwaya yetu ilipomaliza kupitia "Baba Yetu" kwa mara ya tatu, binti mmoja wa alto alinijia huku akikunja karatasi yake ya nota. "Mwalimu, huyu aliyetunga ni Mkenya au Mtanzania?" Nikamwambia si huyu wala yule. Ni Christopher Tin, Mmarekani ambaye wazazi wake walitoka Hong Kong. Aliiweka Sala ya Bwana ya Kiswahili kwenye muziki kwa ajili ya mchezo wa kompyuta uliotoka mwaka 2005, na mwaka 2011 ikampatia Grammy, ya kwanza kwa muziki uliotungwa kwa ajili ya mchezo wa aina hiyo. Akanyamaza kidogo. "Kumbe! Sasa hao wenzake wa huko, wale wa okestra hasa, nianze na nani?"

Nilimtajia Aaron Copland, kwa sababu ndilo jibu analopewa kila mtu. Nilipokaa kwenye daladala nikirudi nyumbani, nikaona nimemjibu vibaya. Yule binti ameimba Tenzi za Rohoni tangu akiwa Shule ya Jumapili, anasoma solfa kama anavyosoma gazeti, na sikio lake limekwisha kufundishwa sauti nne kwa miaka 15. Mtu wa namna hiyo haanzi sifuri. Ana nyimbo kichwani, na kati ya watunzi wa Marekani wako waliojenga kazi zao kubwa kwa nyimbo hizo hizo. Kwa hiyo nimekaa kulinganisha upya. Nimechukua watunzi sita, wawili wawili, na kila jozi nitakwambia mimi ningeanza na yupi na kwa nini.

Ives na Copland: tenzi moja, mikono miwili

Charles Ives alizaliwa Danbury, Connecticut, mwaka 1874. Baba yake, George, alikuwa kiongozi wa bendi upande wa Kaskazini katika Vita vya Wenyewe kwa Wenyewe vya Marekani, na alikuwa na mawazo ya ajabu kuhusu sikio la binadamu. Aliwaimbisha watoto wake wimbo katika ufunguo mmoja huku yeye akiwapigia kinanda katika ufunguo mwingine, ili wajifunze kusimama kwenye sauti yao bila kuyumba. Yeyote aliyewahi kushika alto huku besi wa nyuma yake wamepotea anajua hilo ni zoezi la aina gani.

Kuna habari moja ambayo Ives aliisimulia mwenyewe na ambayo, kwangu, ndiyo mlango wa muziki wake wote. Danbury kulikuwa na fundi mwashi mzee aliyeimba kwenye mikutano ya injili kwa sauti kubwa mno, tena nje kabisa ya wimbo. Mtu mmoja akamwuliza George anawezaje kuvumilia makelele yale. George akamjibu kwamba amtazame mzee yule usoni, wala asijali sana sauti, maana akishughulika mno na sauti ataukosa muziki wenyewe. Mtoto aliyelelewa na maneno hayo alikua akiamini kwamba umati unaoimba kwa imani, hata kama wengine wamewahi na wengine wamechelewa, una uzuri ambao kwaya safi haiwezi kuufikia.

Alisoma Yale, akamaliza mwaka 1898. Aliona kwamba muziki aliotaka kuuandika usingelisha familia, akaingia kwenye bima ya maisha. Huko alifanikiwa kweli kweli: yeye na mwenzake Julian Myrick walijenga wakala wa bima jijini New York uliokuwa miongoni mwa wakubwa nchini. Mchana alikuwa ofisini, jioni na mwisho wa wiki alikuwa akitunga. Afya ikamwangusha mwaka 1918, na karibu na mwaka 1927 alimwambia mkewe, Harmony, kwamba hawezi tena kutunga, hakuna kinachomjia sawasawa. Aliishi miaka mingine zaidi ya 25 baada ya hapo, hadi 1954, akiwa mtu wa kurekebisha kazi za zamani na kungoja watu wazipige.

Walizipiga kwa kuchelewa sana. Simfoni yake ya Tatu, aliyoiandika katika miaka ya mwanzo ya 1900, ilipigwa mara ya kwanza mwaka 1946 ikiongozwa na Lou Harrison, na mwaka uliofuata ikapata Tuzo ya Pulitzer. Ives alikuwa mzee wa miaka 72. Fedha za tuzo hakuziweka mfukoni, na nusu yake alimpa Harrison.

Sasa sikiliza simfoni hiyo kwa sikio la mtu wa kwaya. Jina lake la pili ni "The Camp Meeting", yaani mkutano wa injili wa kambini, ule wa mahema na siku kadhaa za kuimba nje. Ina sehemu tatu, okestra yake ni ndogo, na inachukua dakika 20 na kidogo. Katika sehemu ya kwanza utasikia vipande vya wimbo tunaoujua kama "Yesu Kwetu ni Rafiki", vikipita ndani ya sauti nyingine kama mtu anayeimba peke yake huku akipika. Sehemu ya tatu imejengwa juu ya "Hivi Nilivyo". Lakini Ives hakupi wimbo mzima mwanzoni. Anakupa punje, anazigeuza, anazificha kwenye fidla, anazirudisha chini kwa besi, mpaka mwishoni kabisa ndipo wimbo unatokea mzima. Katika mahubiri yetu mhubiri husoma neno kwanza ndipo alifafanue. Ives anaanza na ufafanuzi, na neno lenyewe analisoma mwisho.

Copland ni mtu wa namna nyingine kabisa. Alizaliwa Brooklyn mwaka 1900, kitinda mimba wa watoto watano wa Wayahudi waliohamia kutoka Lithuania, ambao walikuwa na duka. Mwaka 1921 alikwenda Ufaransa, akafundishwa na Nadia Boulanger hadi 1924, na kwa Boulanger alijifunza kufuta. Nota isiyo na kazi inaondolewa. Ukisikiliza kazi zake maarufu utaona kuna nafasi nyingi kati ya sauti na sauti, kama ua lililofagiwa asubuhi.

Kazi ya kumpima ni "Appalachian Spring", aliyoiandika kwa ajili ya mcheza dansi Martha Graham. Ilichezwa mara ya kwanza tarehe 30 Oktoba 1944 kwenye Maktaba ya Bunge la Marekani, Washington, kwa wapigaji 13 tu, kwa kuwa ukumbi ulikuwa mdogo. Copland aliiita tu muziki wa kumtungia Martha. Jina la milima ya Appalachia alilitoa Graham kutoka kwenye shairi, na muziki ulikuwa umekwisha andikwa. Baadaye watu walimwambia Copland kwamba wanaiona milima ile wakisikiliza. Ndani yake kuna wimbo wa Washaker, jumuiya ya Wakristo walioishi kwa usawa na bila kuoa wala kuolewa. Wimbo huo, "Simple Gifts", ulitungwa na Joseph Brackett mwaka 1848. Makanisa mengi yenye ibada ya Kiingereza yanaujua kwa maneno mengine, "Lord of the Dance".

Copland anautoa wimbo huo ukiwa msafi. Klarineti inaanza peke yake, kila nota iko wazi, hata mtoto anaweza kuushika. Kisha anaubadilisha mara kadhaa: mara vyombo vinafukuzana, mara unakwenda polepole, mwisho okestra nzima inausimamia kwa upana kama waumini waliosimama kwa wimbo wa kutokea. Huhitaji kuutafuta hata sekunde moja.

Hapo ndipo ulipo uchaguzi. Copland hukuonyesha wimbo, na Ives hukukumbusha. Kama hujawahi kusikia nyimbo hizo, Copland ndiye mkarimu zaidi, na miongozo inayomweka wa kwanza haijakosea kwa wasomaji wake. Lakini kama "Hivi Nilivyo" umeuimba kwenye mkutano wa injili uwanjani, vipaza sauti vikipiga miluzi na kina mama wa mstari wa nyuma wakiwa nusu ubeti nyuma ya kwaya, Ives ameandika jambo uliloliishi. Hapo Copland atakupendeza, Ives atakutoa machozi. Mtu wa kwaya aanze na Simfoni ya Tatu ya Ives. Nalisema nikijua kwamba jina la Ives linatisha watu.

Na linatisha kwa haki. Zipo kazi zake ambazo ukizifungulia nyumbani jirani atauliza redio ina nini. "Concord Sonata" ya piano ni ngumu kwa mpigaji na kwa msikilizaji pia. Aliichapisha kwa fedha zake mwaka 1920, na ilingoja hadi 1939 kupigwa vizuri mbele ya watu wa New York. Simfoni ya Nne, ambayo sehemu yake ya mwisho inaelea juu ya "Karibu na Wewe" kwa kwaya isiyo na maneno, ilisikika nzima mwaka 1965, mtunzi akiwa amefariki miaka 11 kabla. Hiyo iache hadi mwaka wa pili. Badala yake, baada ya Simfoni ya Tatu, nenda kwenye "The Unanswered Question", kama dakika sita tu: nyuzi zinapiga pole pole sana kwa mbali, tarumbeta inauliza swali lile lile mara saba, filimbi nne zinajaribu kujibu na kila mara zinazidi kukasirika. Swali la saba halijibiwi. Isikilize kwa spika za masikioni, usiku, bodaboda zikishatulia, kwa sababu sauti ya zile nyuzi ni ndogo kiasi kwamba simu ya mkononi peke yake haitazitoa.

Kwa Copland naongeza mawili. "Fanfare for the Common Man" ya 1942 ni dakika tatu za matarumbeta, matromboni na ngoma, kwa heshima ya mtu wa kawaida wakati wa vita. Ukiwa na muda wa chai tu, hiyo inatosha. La pili ni la maisha yake. Mwaka 1953 "Lincoln Portrait", kazi iliyomsifu rais wao mwenyewe kwa maneno yake mwenyewe, iliondolewa kwenye tamasha la kuapishwa kwa Rais Eisenhower kwa sababu mbunge mmoja alimtuhumu Copland kuwa mfuasi wa Wakomunisti. Mei mwaka huo huo aliitwa kuhojiwa na kamati ya Seneta McCarthy. Mtu aliyewapa Wamarekani sauti wanayoitumia hadi leo kwenye sherehe za taifa alilazimika kueleza kama anaipenda nchi yake. Naona uchungu nikifikiria hilo kila nikisikia "Fanfare" ikipigwa.

Price na Still: mji mmoja, njia mbili

Jozi hii ndiyo ninayoipenda zaidi, na ndiyo inayosahauliwa mno. Florence Price alizaliwa Little Rock, Arkansas, mwaka 1887. William Grant Still alizaliwa Mississippi mwaka 1895, lakini alikulia Little Rock hiyo hiyo. Watunzi wawili Weusi wakubwa wa simfoni Marekani, katika kizazi kile, wametoka kwenye mji mmoja wa Kusini.

Still alipitia mlango wa muziki wa burudani. Alifanya kazi na W. C. Handy kupanga nyimbo za bluzi (blues), akapiga obo kwenye "Shuffle Along", onyesho la Wamarekani Weusi lililotikisa New York mwaka 1921, kisha akafundishwa utunzi na watu kama Edgard Varèse. Mwaka 1930 aliandika simfoni yake ya kwanza, "Afro-American Symphony", na Howard Hanson akaiongoza Rochester mwaka 1931. Ilikuwa simfoni ya kwanza ya Mmarekani Mweusi kupigwa na okestra kubwa ya nchi hiyo. Mwaka 1936 Still akawa Mweusi wa kwanza kuongoza okestra kubwa ya Marekani, ile ya Los Angeles, kwenye uwanja wa Hollywood Bowl.

Alichofanya Still ni kuichukua bluzi, wimbo ambao waungwana wa wakati ule waliuona wa vilabuni, na kuuweka kwenye kiti cha mbele cha simfoni. Mara baada ya utangulizi mfupi, tarumbeta iliyozibwa mdomo inaimba bluzi ya kawaida kabisa. Sehemu ya tatu ina banjo inayochangamka, na wimbo wake unafanana sana na ule wa Gershwin wa mwaka huo huo wa 1930, "I Got Rhythm". Still aliamini kwamba Gershwin aliusikia mchezo huo wa nota kutoka kwa wapigaji wa "Shuffle Along". Sikiliza zote mbili uamue. Simfoni nzima haifiki nusu saa.

Price alipitia kanisani na darasani. Mama yake alikuwa mwalimu wa muziki, baba yake daktari wa meno. Akiwa msichana alipelekwa Boston kwenye chuo cha New England Conservatory, na mama yake alimwandikisha kama mtu wa Pueblo, Mexico, ili rangi isimfungie mlango. Alimaliza mwaka 1906, akarudi Kusini kufundisha, akaolewa na wakili, akazaa. Mwaka 1927, baada ya mtu Mweusi kuuawa hadharani na kundi la Wazungu mjini Little Rock, familia ikahamia Chicago. Ndoa ikavunjika. Akalea mabinti wawili kwa kufundisha piano na kupiga kinanda kwenye majumba ya sinema za kimya.

Januari 1931 alivunjika mguu. Katika barua aliandika kwamba hizo ndizo siku alizopata kutunga bila kusumbuliwa, na akajiuliza ni lini atapata tena bahati ya kuvunjika mguu. Nimeisoma sentensi hiyo mara nyingi. Mama mwenye watoto, wanafunzi na kodi ya nyumba, ambaye pumziko lake ni plasta ya mguuni, na kutokana na pumziko hilo ikatoka Simfoni ya Kwanza. Mwaka 1932 ikashinda zawadi ya kwanza ya Wanamaker, dola 500. Tarehe 15 Juni 1933 okestra ya Chicago ikaipiga chini ya Frederick Stock, na Price akawa mwanamke Mweusi wa kwanza Marekani ambaye simfoni yake ilipigwa na okestra kubwa.

Sikiliza sehemu ya pili kabla ya nyingine zote. Vyombo vya shaba vinaingia pamoja kama kwaya ya wanaume wakiimba tenzi, kwa utulivu, kisha vyombo vya mbao vinajibu, kisha shaba tena. Ni kupokezana kule kule tunakokujua: kiongozi anatoa, kwaya inaitikia. Mwishoni zinaingia kengele. Sehemu ya tatu ni "Juba", ngoma ya watumwa waliokatazwa kuwa na ngoma, wakapiga mapaja, vifua na miguu badala yake. Price anaipeleka mikononi mwa okestra na ghafla fidla za Chicago zinaruka kama watu waliovua viatu.

Pamoja na ushindi ule milango ilibaki mizito. Mwaka 1943 alimwandikia Serge Koussevitzky, mwongozaji wa okestra ya Boston, akianza kwa kusema wazi kwamba ana vikwazo viwili, jinsia na rangi, na akiomba kazi yake ihukumiwe kama kazi. Alifariki 1953. Mwaka 2009 watu waliokuwa wakikarabati nyumba iliyotelekezwa huko St. Anne, Illinois, iliyokuwa ya mapumziko yake ya kiangazi, walikuta masanduku ya karatasi za nota chini ya paa lililotoboka. Humo mlikuwa na kazi zilizodhaniwa zimepotea, zikiwemo konseto mbili za fidla na Simfoni ya Nne. Mwaka 2022 rekodi ya okestra ya Philadelphia ya Simfoni yake ya Kwanza na ya Tatu ilipata Grammy.

Tarehe moja inanifurahisha kila nikiikumbuka. Tarehe 9 Aprili 1939, siku ya Pasaka, Marian Anderson aliyenyimwa ukumbi kwa ajili ya rangi yake aliimba kwenye ngazi za mnara wa Lincoln mbele ya watu wapatao 75,000, na katika nyimbo zake ulikuwamo "My Soul's Been Anchored in de Lord", uliopangwa na Price. Siku hiyo hiyo Price alikuwa anatimiza miaka 52.

Wewe uchague nani? Kama umekulia kwenye dansi, bendi, saksafoni na gitaa la kuongea, anza na Still, utakuwa nyumbani kabla ya dakika ya pili. Kama umekulia kwenye kwaya, anza na Price, na uwe na subira na sehemu ya kwanza, ambayo ni ndefu na wakati mwingine inazunguka. Simfoni yote inakaribia dakika 40. Tukizungumzia uimara wa kazi moja, bila kuangalia habari ya maisha, nampa Still pointi: simfoni yake imefungwa vizuri zaidi, hakuna kilicholegea. Lakini ninayoirudia mimi ni sehemu ya pili ya Price.

Barber na Gershwin, kwa ufupi

Hawa wawili tayari umewasikia, hata kama hujui majina yao. "Adagio for Strings" ya Samuel Barber ndiyo Marekani huipiga inapofiwa. Barber alizaliwa West Chester, Pennsylvania, mwaka 1910, na akiwa na miaka tisa alimwandikia mama yake barua kwamba yeye amekusudiwa kuwa mtunzi, tafadhali asilazimishwe kucheza mpira. Adagio ilianza kama sehemu ya kazi ya vyombo vinne vya nyuzi ya 1936, Toscanini akaipiga redioni kwa okestra ya nyuzi Novemba 1938, na tangu hapo imesindikiza vifo vya Roosevelt na Kennedy. Nyuzi zinapanda ngazi kwa ngazi, hazipumui, hadi juu kabisa, halafu kimya. Dakika nane. Mwaka 1967 Barber mwenyewe aliigeuza kuwa "Agnus Dei" kwa kwaya. Kwaya yenye soprano imara na besi wanaoweza kushikilia nota bila kushuka ijaribu. Yetu bado.

George Gershwin, aliyezaliwa Brooklyn mwaka 1898, aliacha shule akiwa na miaka 15 akawa mpiga piano wa kampuni ya nyimbo, kazi yake kuwapigia wateja nyimbo mpya wanunue karatasi zake. "Rhapsody in Blue" ilipigwa tarehe 12 Februari 1924, ikianza na ule mtelezo wa klarineti unaopanda kama mtu anayeamka na kujinyoosha. Sehemu za okestra alipangiwa na Ferde Grofé kwa kuwa muda ulikuwa umebana. Mwaka 1935 akatoa opera "Porgy and Bess", akitaka waimbaji wote wawe Weusi. Mwaka 1937 akafa kwa uvimbe wa ubongo, ana miaka 38.

Hapa sichelewi. Kwa anayetaka furaha mara moja, Gershwin. Kwa aliye na msiba moyoni, Barber. Ila Adagio isiwe muziki wa nyuma wakati unafua. Utaichosha, na ni kazi isiyostahili kuchoshwa.

Niliowaacha

Kuna watakaoniuliza kuhusu Steve Reich, na wana haki. Mwaka 1970 alikwenda Ghana kujifunza ngoma za Waewe kwenye Chuo Kikuu cha Ghana, malaria ikamkatiza safari, akarudi akaandika "Drumming" ya 1971, karibu saa nzima ya mapigo yanayoachana na kukutana tena. Kwa mpiga ngoma aliyezoea kushika pigo lake wakati mwenzake ana lingine, ni kazi ya kusikiliza kwa makini. Sijamweka kwenye jozi kwa sababu hana wimbo wa kuimba, na binti wa alto aliniuliza akiwa na karatasi ya wimbo mkononi.

Alhamisi iliyofuata nilimwomba msamaha kwa jibu la haraka, nikampa majina mawili: Simfoni ya Tatu ya Ives, na sehemu ya pili ya Price. Nikamwonya kwamba kwa Ives baadhi ya rekodi zinaweka kengele za kanisa za mbali mwishoni na nyingine haziweki, atafute yenye kengele. Akaniambia, "Asante Mwalimu, nitajaribu, lakini simfoni mimi huwa zinanilaza."

Wiki moja baadaye alikuja mapema, wenzake hawajafika. "Shikamoo Mwalimu. Ile ya mwisho," akasema, "nilikuwa nakunja nguo. Nikaona kama najua kitu, sijui ni nini. Kinakuja, kinapotea. Halafu fidla zikatulia, nikajikuta naimba." Akaweka mkoba kwenye benchi, akaniimbia pale pale, alto yote ya "Hivi Nilivyo", beti moja, bila kinanda.